Gurudumu Lisilo na Injini: Biashara na Bei za Baiskeli, Mikokoteni na Magari ya Punda Nchini Kenya

Utangulizi

Uchumi wa Kenya unapozungumziwa, aghalabu hutajwa bandari, reli, barabara kuu na viwanja vya ndege. Ni nadra sana kutajwa baiskeli, mkokoteni na gari la punda. Hata hivyo, kabla ya kabichi kufikia meza ya mchuuzi katika soko la Wakulima jijini Nairobi, kabla ya nazi kupangwa katika soko la Kongowea mjini Mombasa, na kabla ya maziwa kumiminwa kwenye mapipa ya chama cha ushirika kijijini, mara nyingi hapana budi chombo kisicho na injini kiwe kimehusika. Aghalabu chombo hicho ndicho kiungo cha kwanza na cha mwisho katika mnyororo wa biashara: huitoa bidhaa shambani pasipo na barabara, na huifikisha mlangoni ambapo lori haliwezi kuingia.

Makala haya yananuia kueleza jinsi biashara ya vyombo hivi ilivyobadilika nchini Kenya na sababu za bei zake kupanda au kushuka. Vyombo vinavyorejelewa ni vile vinavyoendeshwa kwa nguvu za binadamu au za mnyama, yaani baiskeli, mkokoteni (au rukwama, kama unavyojulikana kwa wengi) na gari la punda. Hoja kuu ni kwamba bei ya chombo cha maskini haiamuliwi na maskini, wala haiamuliwi na fundi aliyekiunda pekee. Huamuliwa na mambo manne: ushuru unaotozwa na serikali, thamani ya shilingi katika soko la dunia, bei ya mshindani wake aliye na injini, na bei ya malighafi au mnyama anayekiendesha. Yeyote asiyeyaelewa mambo haya manne atadhani kwamba mwenye duka la baiskeli ni mlanguzi tu, ilhali mwenye duka naye huwa amefungwa kwa minyororo isiyoonekana.

Baiskeli: Kutoka kwa Karani hadi kwa Mkulima

Baiskeli iliingia Afrika Mashariki pamoja na utawala wa kikoloni. Jina lenyewe limetoholewa kutoka Kiingereza, na kwa miongo mingi bidhaa yenyewe ilitoka Uingereza pia. Majina kama Raleigh, BSA na Hercules yalikuwa alama za heshima. Wanunuzi wa mwanzo walikuwa watu wenye mshahara: makarani, walimu, makatekista na machifu. Kwa mkulima wa kawaida, baiskeli ilikuwa ndoto, na aliyeimiliki aliifunika kwa kitambaa na kuilaza ndani ya nyumba kama mali ya thamani.

Baada ya uhuru, chimbuko la bidhaa hii lilihama polepole kutoka Ulaya hadi Bara Asia. Nchini India, viwanda vya mji wa Ludhiana, ikiwemo kampuni ya Hero iliyoanzishwa mwaka 1956, vilianza kuunda baiskeli kwa wingi. Nchini China, majina kama Phoenix ya Shanghai na Flying Pigeon ya Tianjin yalipata umaarufu. Viwanda hivi vilifuata mtindo wa kale wa Kiingereza: fremu nzito ya chuma, magurudumu makubwa ya inchi 28, breki za fito na gia moja tu. Wakenya waliibatiza baiskeli ya aina hii jina la Black Mamba kwa sababu ya weusi wake.

Kwa mtazamo wa juujuu, baiskeli hiyo imepitwa na wakati. Hata hivyo, sifa zinazoifanya ionekane ya kizamani ndizo zilizoifanya idumu sokoni. Fremu yake hubeba gunia la makaa, kreti za soda, au abiria mzima. Ikivunjika, fundi wa kuchomelea chuma aliye kando ya barabara huiunga kwa muda mfupi. Vipuri vyake, kuanzia njiti za gurudumu hadi pedeli, hupatikana hata katika kituo kidogo cha biashara mashambani. Kwa hivyo, bei ya Black Mamba haikuwa bei ya usafiri pekee. Ilikuwa bei ya chombo cha kazi.

Ushuru na Bei ya Dukani

Katika miaka ya 1970 na sehemu kubwa ya miaka ya 1980, uagizaji wa bidhaa kutoka ng'ambo nchini Kenya ulidhibitiwa kwa leseni na kwa ugavi wa fedha za kigeni. Baiskeli ilitozwa kodi nzito kana kwamba ilikuwa bidhaa ya anasa. Kati ya mwaka 1986 na mwaka 1989, kodi hiyo ilipunguzwa kutoka asilimia 80 hadi asilimia 20, na katika muongo uliofuata mauzo ya baiskeli yaliongezeka mara nyingi. Kisha mwaka 1993 serikali iliondoa mfumo wa leseni za uagizaji na kulegeza udhibiti wa fedha za kigeni. Waagizaji wengi wakaingia sokoni, na ushindani ukaanza.

Ili kuelewa uzito wa hatua hizo, ni muhimu kufahamu jinsi ushuru unavyofanya kazi. Ushuru wa forodha hutozwa juu ya thamani inayojumuisha bei ya kununulia, bima na nauli ya meli hadi bandarini. Kodi ya ongezeko la thamani, iliyoanza nchini Kenya mwaka 1990 kuchukua nafasi ya kodi ya mauzo, hutozwa juu ya thamani hiyo ikiwa tayari imeongezwa ushuru. Baadaye yamekuja matozo mengine, kama vile ada ya kuendeleza reli iliyoanza mwaka 2013. Maadam kila tozo hukaa juu ya nyingine, asilimia ndogo bandarini hugeuka kuwa mzigo mkubwa dukani.

Chukuliwe mfano wa hesabu tu. Baiskeli inafika Mombasa ikiwa na thamani ya shilingi 8,000. Kwa kodi ya asilimia 80, gharama yake inakuwa shilingi 14,400. Kwa kodi ya asilimia 20, inakuwa shilingi 9,600. Mfanyabiashara naye huongeza faida yake kwa asilimia. Ikiwa ni asilimia 15, mnunuzi wa kwanza atalipa shilingi 16,560 na wa pili shilingi 11,040. Tofauti ya kodi ilikuwa shilingi 4,800 bandarini, lakini imekuwa shilingi 5,520 mfukoni mwa mnunuzi. Kwa kibarua anayeweka akiba ya shilingi 50 kwa siku, tofauti hiyo ni sawa na siku 110 za kusubiri. Wahenga walisema haba na haba hujaza kibaba. Lakini kibaba kikitobolewa na kodi, haba hizo huchukua muda mrefu kujaa.

Tangu tarehe 1 Januari 2005, Kenya haipangi viwango vya forodha peke yake. Umoja wa Forodha wa Jumuiya ya Afrika Mashariki uliweka ngazi tatu za ushuru wa pamoja: sufuri kwa malighafi, asilimia 10 kwa bidhaa zilizotengenezwa nusu, na asilimia 25 kwa bidhaa kamili. Mnamo Julai 2022 ikaongezwa ngazi ya nne ya asilimia 35. Lengo la ngazi za juu ni kulinda viwanda vya kanda hii. Swali linalozuka ni kama ulinzi huo una maana kwa bidhaa ambayo sehemu yake kubwa huagizwa kutoka India na China. Ushuru unaolinda kiwanda huweza kumzalia mtu ajira. Ushuru usiolinda kiwanda chochote ni kodi tu juu ya miguu ya mpita njia.

Boda Boda: Baiskeli Inapokuwa Mtaji

Hakuna kisa kinachodhihirisha nguvu ya bei nafuu kama kisa cha boda boda. Chimbuko lake ni mji wa Busia, kwenye mpaka wa Kenya na Uganda, katika miaka ya 1960. Kati ya kituo cha forodha cha upande mmoja na kile cha upande wa pili palikuwa na mwendo ambao wasafiri wenye mizigo waliuona mrefu. Vijana wenye baiskeli wakaanza kuwavusha kwa malipo madogo, wakiwaita kwa neno lililotokana na jina la Kiingereza la mpaka. Neno hilo lilirudiwa mara mbili, kama ilivyo desturi ya Kiswahili katika kusisitiza jambo, likawa jina la kazi nzima.

Kwa miongo kadhaa kazi hiyo ilibaki mpakani. Katika miaka ya 1990 ilisambaa kwa kasi katika miji ya magharibi na Nyanza, kama vile Kisumu na Kakamega. Mambo mawili yalikutana. Kwanza, baiskeli zilikuwa zimeshuka bei kwa sababu zilizokwisha kuelezwa. Pili, mageuzi ya kiuchumi ya muongo huo yaliwapunguza wafanyakazi katika utumishi wa umma na katika mashirika ya serikali, na vijana wengi waliomaliza shule hawakupata ajira. Baiskeli ikawa mtaji ambao mtu angeweza kuupata kwa kuuza mbuzi wachache au kwa zamu yake katika chama cha kuchangiana. Asiyekuwa na uwezo huo alikodisha baiskeli ya mwingine na kumpelekea mwenyewe malipo ya kila siku.

Biashara hiyo ilizaa biashara nyingine. Mafundi wa jua kali waliunda kerieri za chuma zilizo imara zaidi kuliko zile za kiwandani. Mafundi wa cherehani walishona mito ya kukalia abiria, yenye rangi na mashada. Wauzaji wa tairi, tyubu na minyororo walipata wateja wa kila wiki, kwa kuwa baiskeli inayobeba abiria kutwa nzima huchakaa upesi kuliko ile ya mwalimu. Hivyo basi, soko la vipuri likawa muhimu sawa na soko la baiskeli zenyewe.

Mshindani Mwenye Injini

Mwaka 2008 serikali iliondoa kodi ya ongezeko la thamani kwa pikipiki zenye injini ndogo zisizozidi ujazo wa sentimita 250. Pikipiki za bei nafuu kutoka India na China zilimiminika. Mwaka 2007 pikipiki mpya zilizosajiliwa nchini hazikufika 20,000. Kufikia mwaka 2010, zile zilizosajiliwa katika mwaka huo mmoja zilizidi 100,000. Vijana waliokuwa wakikanyaga pedeli wakahamia kwenye injini, nao abiria wakawafuata.

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni: pikipiki ilileta manufaa ambayo baiskeli haikuweza kuyaleta. Ilipanda milima, ilikwenda mbali, na ilimfikisha mgonjwa hospitalini usiku. Hata hivyo, mageuzi hayo yalibadilisha hesabu ya mtaji. Baiskeli iliuzwa kwa maelfu machache ya shilingi. Pikipiki iliuzwa kwa makumi ya maelfu. Kijana ambaye zamani angeanza kazi bila deni, sasa alianza akiwa na mkopo, mafuta ya kununua kila asubuhi, bima, na leseni ya udereva. Kiasi kikubwa cha nauli ambayo zamani ilibaki mfukoni mwake na katika maduka ya mtaa sasa kilielekea kwa mkopeshaji na katika kituo cha mafuta.

Lugha nayo iliandika historia hii bila kuulizwa. Katika muda mfupi, neno boda boda liliacha kumaanisha baiskeli, likamaanisha pikipiki. Msomaji wa gazeti la miaka ya 1990 na yule wa leo husoma neno lile lile lakini huona vyombo viwili tofauti.

Je, baiskeli ilikufa? La hasha. Ilihama. Iliacha kubeba abiria katika miji mingi, ikabaki kubeba maziwa, maji, mkate, makaa, samaki na watoto wa shule. Black Mamba zilizotumika ziliingia sokoni kwa wingi, jambo lililowawezesha watu wa kipato cha chini zaidi kuzipata. Aidha, kila bei ya mafuta inapopanda, hoja ya baiskeli hurudi. Mnamo Septemba 2023 petroli iliuzwa kwa zaidi ya shilingi 200 kwa lita jijini Nairobi. Kwa mwenye mzigo mwepesi na mwendo wa kilomita tano, tarakimu hiyo ni ushauri tosha.

Shilingi na Mawimbi ya Dunia

Kwa kuwa baiskeli hununuliwa ng'ambo kwa dola, bei yake hufuata thamani ya shilingi. Chukuliwe baiskeli ambayo bei yake kiwandani ni dola 60, na ambayo haibadiliki. Katika baadhi ya miezi ya mwaka 2008, dola moja ilipouzwa kwa takriban shilingi 62 hadi 65, baiskeli hiyo ingegharimu chini ya shilingi 4,000 kabla ya nauli na kodi. Mwanzoni mwa mwaka 2021, kwa takriban shilingi 110 kwa dola, ingegharimu shilingi 6,600. Mnamo Januari 2024 dola ilipofikia takriban shilingi 160, ingegharimu shilingi 9,600. Shilingi ilipopata nguvu baadaye mwaka huo na kufikia takriban 129 kwa dola, gharama hiyo ingeshuka hadi shilingi 7,740.

Baiskeli ni ile ile. Kilichobadilika ni fedha. Isitoshe, bei dukani hazishuki kwa kasi ile ile zinavyopanda. Mfanyabiashara aliyeagiza mzigo wakati dola ilikuwa ghali hawezi kuuza kwa hasara ati kwa sababu shilingi imepata nguvu wiki hii. Husubiri hadi mzigo wa zamani uishe. Mnunuzi asiyelifahamu hili humlaumu muuzaji kwa choyo, kumbe ni kalenda ya meli inayozungumza.

Fauka ya hayo, mwaka 2020 ugonjwa wa korona ulitikisa soko la dunia. Katika miji mingi ya Ulaya na Amerika, watu walioogopa kubanana katika magari ya umma walikimbilia baiskeli, na viwanda vikalemewa na maagizo. Mwaka 2021 nauli za makontena baharini zilipanda mno. Kwa bidhaa kubwa yenye thamani ndogo kama baiskeli, nauli ni sehemu nzito ya gharama. Kontena la saa za mkononi na kontena la baiskeli hulipiwa nauli inayokaribiana, lakini la kwanza lina thamani maradufu nyingi. Ndiyo sababu baiskeli husafirishwa zikiwa vipande, na kuunganishwa baada ya kufika.

Rahisi Iliyo Ghali

Mnunuzi wa leo hukabiliwa na makundi matatu ya baiskeli. Kundi la kwanza ni Black Mamba na jamaa zake. La pili ni baiskeli za gia nyingi, mpya na za bei ya chini, zinazovutia kwa rangi na kwa umbo la baiskeli za milimani. La tatu ni baiskeli za mitumba kutoka ng'ambo, ambazo baadhi yake ziliundwa kwa ustadi mkubwa.

Bei iliyoandikwa kwenye kibandiko haielezi gharama kamili. Baiskeli ya gia nyingi iliyoundwa kwa chuma hafifu huweza kuwa rahisi siku ya kununuliwa, kisha ikadai gia, pedeli na rimu mpya kabla ya mwaka kwisha. Baiskeli ya mtumba huweza kuwa imara, lakini kipuri chake kikiharibika, fundi wa kijijini asipate cha kukibadilisha. Hivyo, mnunuzi mwenye busara hujiuliza maswali mawili zaidi: kipuri chake kinapatikana wapi, na ni nani atakayeitengeneza? Gharama ya chombo ni bei ya kununua ikiongezwa matengenezo, kisha ikagawanywa kwa miaka ya kukitumikia.

Wazo hilo ndilo lililoongoza uundaji wa baiskeli ya Buffalo, inayotengenezwa na shirika la World Bicycle Relief lililoanzishwa mwaka 2005. Ina fremu nzito, breki ya kukanyaga kwa kurudisha pedeli nyuma, na kerieri inayoweza kubeba kilo 100. Nchini Kenya baiskeli hizi huunganishwa mjini Kisumu, na husambazwa kwa wanafunzi, wahudumu wa afya na wafugaji wa ng'ombe wa maziwa, na pia huuzwa kwa umma. Kwa mwanafunzi wa kike anayetembea kilomita nyingi hadi shuleni, bei ya baiskeli si suala la soko tu. Huweza kuwa ndiyo tofauti kati ya kumaliza kidato cha nne na kuachia njiani.

Mkokoteni: Bidhaa ya Nyumbani

Jina mkokoteni limetokana na kitenzi kokota, na kazi yake imo ndani ya jina. Tofauti na baiskeli, chombo hiki huundwa hapa hapa nchini. Seremala na fundi wa chuma hushirikiana: mbao hutengeneza kitanda, nazo akseli, rimu na tairi hutolewa kwenye magari yaliyochakaa. Ingetarajiwa kwamba bei ya bidhaa ya nyumbani isitikiswe na dunia. Lakini mkokoteni nao una minyororo yake.

Mnamo Februari 2018 serikali ilisimamisha ukataji wa miti katika misitu ya umma, hatua iliyokusudiwa kuhifadhi vyanzo vya maji. Mbao zikaadimika na kupanda bei. Mnamo Januari 2022, kufuatia uharibifu wa milingoti ya umeme, biashara ya vyuma vikuukuu ilisimamishwa nchini hadi mwezi Mei mwaka huo. Hatua zote mbili zilikuwa na sababu nzito, na makala haya hayazipingi. Muhimu ni kuona jinsi uamuzi wa kuhifadhi msitu au kulinda mlingoti wa umeme unavyofika hadi kwa fundi wa mkokoteni, ambaye hategemei duka la vipuri bali hutegemea mbao na vyuma hivyo hivyo.

Wachukuzi wengi hawamiliki mikokoteni wanayoikokota. Huikodi kwa siku kutoka kwa mtu anayemiliki kadhaa. Bei ya kuunda mkokoteni ikipanda, ada ya kukodi hufuata, ilhali ujira wa kubeba gunia haupandi upesi kwa sababu wachukuzi ni wengi na kazi ni ya kugombaniwa. Pengo hilo hujazwa na misuli: mchukuzi huongeza safari au huongeza mizigo. Hapa ndipo bei inapogeuka kuwa uchovu na, katika barabara isiyo na njia yake maalumu, kuwa hatari ya kugongwa.

Gari la Punda: Mnyama Anapogeuka Bidhaa

Katika maeneo kama Mwea, Naivasha na sehemu nyingi kame, gari la punda hubeba maji, mpunga, nyasi na mboga. Kisiwani Lamu, ambako vichochoro ni vyembamba, punda mwenyewe ndiye gari. Gharama ya chombo hiki ina sehemu mbili: gari, linaloundwa kama mkokoteni, na mnyama. Kwa miaka mingi mnyama huyo alikuwa wa bei nafuu.

Hali hiyo iligeuzwa na soko la mbali. Nchini China kuna dawa ya jadi iitwayo ejiao, inayotengenezwa kwa gundi ya ngozi ya punda. Kuanzia mwaka 2016, vichinjio vya punda vilifunguliwa nchini Kenya, na vikafikia vinne: Naivasha, Mogotio, Machakos na Turkana. Utafiti wa Shirika la Utafiti wa Kilimo na Mifugo la Kenya uliotolewa mwaka 2019 ulionyesha kwamba punda zaidi ya 300,000, takriban asilimia 15 ya punda wote nchini, walichinjwa kati ya mwaka 2016 na 2018. Sensa ya mwaka 2009 ilihesabu punda wapatao milioni 1.8, ile ya mwaka 2019 ilihesabu wapatao milioni 1.2.

Bidhaa ikipungua na wanunuzi wakiongezeka, bei hupanda. Bei ya punda ilipanda zaidi ya maradufu katika masoko mengi, na wizi ukaenea. Familia ilalapo na punda na kuamka bila yeye, haikupoteza mnyama tu. Ilipoteza mshahara wa kesho. Mahali pengi mzigo wa maji ulirudi juu ya migongo ya wanawake. Hupendwa kusemwa kwamba fadhila za punda ni mateke. Safari hii binadamu ndiye aliyempiga punda mateke.

Malalamiko ya wafugaji yalisikika. Mnamo Februari 2020 serikali ilipiga marufuku uchinjaji wa punda kwa biashara. Mnamo Mei 2021 Mahakama Kuu ilibatilisha marufuku hayo kufuatia kesi ya mwenye kichinjio. Hatimaye, mnamo Februari 2024, viongozi wa nchi za Umoja wa Afrika waliafikiana kupiga marufuku uchinjaji wa punda kwa ajili ya ngozi barani kote. Kisa hiki kinafundisha kwamba soko huweza kumlipa mwenye punda bei nzuri mara moja, na bado likamwacha maskini zaidi, iwapo bei hiyo haitoshi kumnunua punda mwingine.

Vyombo Visivyohesabiwa

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Pikipiki husajiliwa, hupewa nambari, na huonekana katika takwimu za kila mwaka. Baiskeli huandikwa inapopita forodhani. Baada ya hapo hubadilisha mikono mara nyingi bila kusajiliwa. Mkokoteni haupiti forodhani kabisa. Kwa hivyo, kodi ya pikipiki inapojadiliwa, kuna tarakimu za kuweka mezani na vyama vya waendeshaji wa kuzitetea. Kodi ya baiskeli inapojadiliwa, meza huwa tupu. Kisichohesabiwa hakijengewi barabara, wala hakipunguziwi kodi.

Yapo matumaini. Kaunti ya Jiji la Nairobi ilipitisha sera ya usafiri usiotumia injini mwaka 2015, inayotambua haki ya mtembea kwa miguu na ya mwendesha baiskeli katika barabara. Barabara kuu ya Thika, iliyokamilika mwaka 2012, ilijengewa njia za baiskeli kando yake. Hata hivyo, njia ya baiskeli inayogeuzwa kituo cha matatu au uwanja wa wachuuzi si njia tena. Tena, usalama nao ni sehemu ya bei. Mtu anayeogopa kufa barabarani hatainunua baiskeli hata ikiuzwa kwa nusu ya thamani yake.

Hitimisho

Imebainika kwamba bei za vyombo visivyo na injini nchini Kenya hazikupanda na kushuka kwa bahati. Zilishuka kodi ilipopunguzwa na uagizaji ulipofunguliwa, na matokeo yake yakawa ajira iliyoanzia Busia na kuenea nchini. Baiskeli ilipoteza abiria pikipiki ilipopewa nafuu ya kodi. Bei zikapanda shilingi ilipodhoofika, nauli za meli zilipoongezeka, mbao na vyuma vilipoadimika, na ngozi ya punda ilipopata mnunuzi wa mbali.

Mambo matatu yanafaa kuzingatiwa na wapangaji wa sera. Kwanza, kodi ya baiskeli na vipuri vyake ipimwe kwa swali moja: inalinda kiwanda kipi? Pili, vipuri vipewe uzito sawa na baiskeli zenyewe, kwani baiskeli bila tairi ni chuma tu. Tatu, vyombo hivi vihesabiwe kwa ukamilifu zaidi katika sensa na tafiti za kitaifa, pamoja na wale wanaoviendesha. Mchukuzi wa Marikiti, mchuuzi wa maziwa wa Bungoma na mama wa Mwea mwenye gari la punda hawaombi sadaka. Wanaomba kwamba serikali inapoandika hesabu zake, ikumbuke kwamba kuna magurudumu yanayozungushwa na jasho, na kwamba kila shilingi inayoongezwa juu ya magurudumu hayo hulipwa kwa jasho hilo hilo.